Siku Niliyotoa Rido za Papa

Mtu akinipa bombo naipokea, nasema aksanti, naitia mfukoni, na siku ya kufua naikuta imegandana na kitambaa. Wenzangu wa kazini wanadhani naogopa ugonjwa wa sukari, kwa kuwa Mama aliugua sukari miaka mingi. Waache wadhani hivyo. Ukianza kumweleza mtu kwamba huli pipi kwa sababu ya rido, yale mapazia ya dirishani, atakutazama kwa ile huruma ya kumtazama mgonjwa, na mimi huruma ya namna hiyo sijawahi kuitaka. Lakini Mama amekufa, na siku tuliyokuwa tunamtengenezea nyumba yake nilikuta kitu kilichonivunja nguvu kabisa. Basi acha niseme, hasa kwenu tuliokua pamoja hapa Uvira, ninyi mliokuwa mkipita mbele ya dirisha letu mkizicheka rido zetu.

Mlikuwa na haki ya kucheka. Kwa kila nyumba ya avenyu yetu rido ilikuwa kikwembe, au kitambaa cheupe kilichodariziwa maua, kikapitishwa kamba na mambo yakaisha. Zetu zilikuwa za kitambaa kikavu chenye rangi ya maziwa yaliyotiwa chai kidogo, na ukivuta uzi zilijikunja zenyewe kwenda juu, pindo kwa pindo. Papa alikuwa fundi wa mbao. Proje moja ya Wazungu, shirika la misaada, ilipofunga nyumba yake karibu na ziwa, walimwita ang'oe makabati, na walipoona ameyang'oa yote bila kukwaruza ukuta wakamwachia rido nne zilizokuwa madirishani. Alifika nazo begani, amezifunga pamoja kwa mpira wa baiskeli. Mama alishika kiuno.

"Sasa hii ni rido ama ni akordeoni?"

"Rido ya bakubwa hii," Papa akasema. "Weye utaona."

Tatu alizifunga salo, yaani sebuleni, ya nne akaifunga chumba chao cha kulala. Juu ya kila dirisha alipiga vyuma viwili vidogo kwa visi, yaani skrubu. Yeye aliviita sapo. Ile mbao nyembamba ya juu ya rido ilipachikwa humo, na kilichoizuia isianguke ni ulimi mdogo wa plastiki uliojificha kwa nyuma, mahali ambapo jicho halifiki. Ukitaka kuitoa, kwanza unavuta uzi mpaka rido yote ikusanyike juu. Halafu unaishika kwa mkono mmoja, na kwa mkono mwingine unapitisha ncha ya turnevis, bisibisi, nyuma, unaupapasa ulimi, unausukuma. Tak. Upande mmoja umeachia. Unahamia upande wa pili, tak, na rido yote inakaa mkononi mwako. Ukivuta kwa nguvu umeharibu, kwa sababu plastiki ile ikikatika huwezi kupata nyingine, si soko la Uvira wala ng'ambo ya Bujumbura. Papa alinifundisha mimi kazi hiyo kwa kuwa vidole vyangu vilikuwa vidogo na viliona vizuri kuliko macho. Tangu siku ile jina langu la Riziki likamtoka mdomoni, akawa ananiita Patroni, bosi.

"Patroni, turnevis iko wapi?"

"Iko mu mufuko, Papa."

"Basi panda juu ya kazi."

Uzuri wenyewe wa rido zile ulikuwa ubavuni. Ukizitazama kwa upande uliona matundu, moja chini ya lingine, kama sega la nyuki, na kila tundu lilipita ndani ya kitambaa kutoka mwisho huu mpaka mwisho ule. Nilikuwa naweka jicho langu kwenye tundu naona upande wa pili kipande kidogo cha ziwa, au guu la jirani, au mwanga tu. Vumbi nalo liliyapenda matundu yale. Kwa hiyo mara kwa mara zilibidi zishushwe, zilazwe juu ya mkeka, zipulizwe tundu kwa tundu na kupanguzwa kwa kitambaa chenye maji kidogo. Sabuni mwiko. Maji mengi mwiko.

Na kwetu kazi hiyo ilikuwa na siku yake. Papa alikuwa anapanda milimani kujenga mapaa ya makanisa na mashule, wiki tatu, mara nyingine mwezi na zaidi. Kazi ikikwisha alipiga simu kwa ndugu yake, Baba mdogo, maana Mama wakati ule hakuwa na simu. Baba mdogo anakuja mpaka mlangoni kwetu, anasema, "Kesho anarudi." Hapo Mama, hata kama ameshika mwiko wa bugali, anageuka: "Riziki, toa rido!" Hatukuwahi kuzitoa kwa sababu nyingine yoyote. Akilini mwangu rido kushuka na Papa kurudi vilikuwa jambo moja.

Tena kulikuwa na bombo. Kila mara kabla ya kuondoka Papa alificha mbili ndani ya matundu, moja nyekundu yangu mimi katika rido mojawapo ya salo, na moja ya kijani, ile ya menta, ya Mama, katika rido ya chumbani. Alizifunga kwanza kwa kipande cha saseti, mfuko wa plastiki, akakaza fundo ili sisimizi wasiingie. Sharti lake lilikuwa hili: hakuna kutafuta mpaka apige simu kwamba anarudi. Mama alijifanya hapendi. "Muntu muzima kucheza na bombo, haya iko wapi?" Lakini nikimletea rido ya chumbani alinigeuzia mgongo, anaitikisa taratibu karibu na sikio, na baada ya muda nilikuwa nasikia harufu ya menta jikoni, na shavu lake moja limevimba, na anajibu watu kwa mkato ili isimtoke.

Mwaka ninaousema, Papa alipanda kuezeka kanisa mahali fulani juu ya Lemera, akaanguka kutoka kwenye kenchi. Watu wa kule walimbeba kwenye machela kupitia vijia vyao mpaka hospitali. Mama alimfuata, akakaa naye wiki mbili, nami nikabaki na Baba mdogo. Aliporudi kutuona, akimwacha dada yake Papa pale kitandani, alikuwa amekonda lakini anacheka. Papa ameanza kunywa uji, alisema. Ameuliza kama Patroni anapanguza vumbi. Nilimwomba Mama tutoe rido hapo hapo, akanikatalia.

"Bado hajapiga simu. Ngoja. Hata ya kwangu iko mule, sijaigusa."

Siku chache baadaye Mama alikwenda Kalundu asubuhi kuchukua samaki bandarini, kama kawaida yake, maana nyumba ilikuwa inakula. Mimi nilirudi kutoka shule mchana, nikiwa bado na yunifomu, nikamkuta Baba mdogo anateremka kwenye pikipiki mbele ya kwetu pamoja na jirani yetu Mama Furaha na mama mwingine wa kanisa. Macho ya Baba mdogo yalikuwa mekundu. Niliwaza ni vumbi la barabara.

"Mama iko wapi?" akaniuliza.

"Alienda Kalundu. Atarudia mbele ya saa tisa."

Akamtazama Mama Furaha. "Basi tufanye mbio," akasema, na wakaanza kutoa viti nje. Walitoa viti, wakatoa meza, wakatoa kabati la vyombo. Mama Furaha alifagia, kisha akashusha foto ya Papa ukutani na kuifuta kwa kikwembe chake, akaiegemeza chini uso ukitazama ukuta. Godoro la chumbani wakaja nalo salo wakalilaza sakafuni. Mimi nilisimama katikati na furaha inanipanda kutoka miguuni. Nyumba nzima wanaisafisha! Hata siku za kawaida Papa akirudi hatukuwahi kuosha hivi. Nikajiambia ni kwa sababu safari hii anatoka hospitali.

Baba mdogo alishika rido ya kwanza akaivuta.

"Usivute!" nilipiga kelele. "Utavunja! Nipe kiti, minye njo najua." Mimi ndiye niliyejua ulimi ulipo.

Alirudi nyuma, akachukua kiti kimoja kutoka nje akakiweka chini ya dirisha. "Basi toa," akasema. "Zote."

"Papa anakuja?"

"Weye toa tu, mwanangu," akasema, akatoka nje akisukuma kitu ambacho hakikuhitaji kusukumwa.

Sasa ninyi mnajua. Ninyi mmezika, mnajua nyumba yenye kilio huandaliwa vipi kwetu. Salo inabaki tupu, mikeka chini, foto inageuzwa, rido zinatolewa ili waliokaa nje na waliolala ndani waonane, wawe kilio kimoja. Lakini mimi nilikuwa mtoto wa miaka tisa. Vilio nilikuwa nimeviona, vikiwa vimekwisha kujaa watu na nyimbo. Sikuwahi kuona kilio kikitandikwa, nyumba ikiwa bado kimya na watu watatu wanafagia.

Na jambo lingine sikulijua, ndilo lililo zito. Kwetu mjane hapewi habari njiani. Wanawake wawili wanamngoja kwenye kona, wanampokea mzigo, wanamshika mikono yote miwili, huku na huku, wanatembea naye wakizungumza habari ya samaki, ya mvua, ya chochote. Yeye mwenyewe anaanza kuelewa kidogo kidogo kutokana na mikono ile. Anapofika mlangoni amekwisha kujua, na amekwisha kushikwa. Akianguka anaangukia watu. Ndiyo heshima pekee tunayoweza kumpa mtu siku ile, na Baba mdogo alikuwa anahangaika aweze kumpa Mama heshima hiyo.

Nilipanda kiti. Rido ya kwanza, tak, tak. Ya pili. Katika ya tatu nilisikia kitu kikigonga ndani, nikaiinamisha, bombo yangu ikateleza kiganjani ndani ya saseti yake. Niliimenya pale pale juu ya kiti. Mama Furaha alikuwa ananitazama.

"Nani alikupa hiyo?"

"Papa."

"Papa gani?"

"Papa yangu. Alificha mu rido."

Mama Furaha alifunika mdomo kwa mkono, machozi yakamshuka mpaka kidevuni. Mnajua niliwaza nini? Niliwaza ameitamani. Nikamwonea haya, nikamwambia siku nyingine nitamwomba Papa amfichie na yeye.

Alinishika kichwa akakibana kifuani kwake muda mrefu. Halafu wakatoka yeye na mwenzake, kwenda kumngoja Mama kwenye kona ya barabara kubwa. Baba mdogo alinikalisha kwenye kizingiti. "Riziki, usitoke mu parseli, usipite ua. Unasikia?"

"Ndiyo," nilimjibu, na bombo iko shavuni.

Nilijua wale mama wamekaa mahali pasipo penyewe. Hili nataka mlisikie vizuri, kwa sababu watu wote walionihurumia baadaye hawakulijua. Mama akitoka Kalundu na samaki hakupita barabara kubwa. Alifuata kijia cha ufukweni, akasimama kwenye jiwe letu la kufulia, akaosha beseni na miguu, ndipo akapanda nyumbani kwa nyuma, kupitia pengo la ua wa matete. Nilijua. Nilimwona Mama Furaha akielekea barabara kubwa na ningeweza kumwita. Neno moja tu. Lakini niliona kwamba nikisema, wao ndio watakaomwambia Mama kwanza kwamba Papa anakuja, na mimi niliyetoa rido nitakuwa wa mwisho. Nikafunga mdomo. Baba mdogo alipozunguka mbele kupanga viti vya wanaume, nikapita pengo la ua nikakimbia.

Nilimkuta kwenye jiwe, beseni la samaki liko kando, anasuuza beseni lingine dogo.

"Mama! Papa anakuja! Tumetoa rido!"

Alinyoka, maji yanamdondoka mikononi. Aliniangalia sana. "Nani alisema?"

Hapo ndipo ningeweza kusema ukweli, kwamba hakuna aliyesema. Kwamba nimeuliza nikaambiwa toa tu. Mama alikuwa mtu mwenye akili. Ningemweleza hivyo, na viti, na foto, na macho mekundu, angejua pale pale, na labda angekaa kwenye jiwe lile, na mimi ningekwenda kuita watu. Lakini niliona uso wake umesimama, unangoja, nikaogopa usigeuke. Nikasema:

"Baba mdogo njo alisema. Alipata simu."

Yoo, jamani! Mama alicheka. Sijawahi kumsikia akicheka vile tena. Alinirushia maji, akanikamata akanizungusha, akafunga upya kikwembe chake kiunoni kama mtu anayekwenda kwenye arusi. Alichagua mukeke mmoja mnene kutoka kwenye beseni, akamtenga juu ya jani.

"Huyu hauzwe. Huyu iko ya papa yako. Na ya chumba? Umeitoa?"

"Bado. Nilitoa tatu tu."

"Vizuri. Ile nitatoa mwenyewe." Akapiga ulimi, akacheka tena peke yake. "Menta yangu imeningoja mwezi muzima."

Tulipanda kijia. Alikuwa anakwenda mbio hata mimi nikawa nakimbia nyuma yake. Aliniuliza kama Papa anakuja na gari ya hospitali au na pikipiki, nikasema gari. Akauliza kama anatembea mwenyewe, nikasema anatembea. Kila alilouliza nilimpa. Niliona jinsi kila jibu lilivyomfanya apige hatua kubwa zaidi, na mimi nilipenda kuona hivyo, basi nikaendelea.

Tulipita pengo la ua, kwa hiyo hakuviona viti vya wanaume mbele. Akaingia kwa mlango wa jikoni, beseni kichwani, mukeke wa Papa mkononi, akiita, "Shemeji! Atafika saa ngapi?"

Salo ilikuwa na mwanga ambao haujapata kuwamo. Madirisha yote wazi, kuta wazi, godoro katikati. Baba mdogo alikuwa amesimama pale, na mkononi ameshika rido ya nne, ya chumbani. Alikuwa amenitafuta asinione, akaivuta mwenyewe kwa nguvu, ukingo wake ukavunjika. Walitazamana. Mimi nilikuwa nyuma ya Mama, nimeshika kikwembe chake, nangoja waanze kufurahi.

Beseni lilianguka kwanza, samaki wakatawanyika mpaka chini ya dirisha, halafu yeye. Hapakuwa na mkono wa mtu karibu. Paji lake liligonga ukingo wa saruji wa mlango, na sauti ile sitaki kuifananisha na kitu.

Mama Furaha alifika mbio kutoka barabarani, aliposikia kilio cha Baba mdogo. Alipiga magoti, akamwinua Mama kichwa, damu inaingia jichoni, akawa anauliza na kuuliza: "Nani amemupitisha huku? Sisi tulikuwa kwa kona! Nani amemupitisha huku?"

Nilimeza bombo iliyobaki nzima nzima, ikanikwama hapa, ikashuka inauma.

Papa aliletwa siku iliyofuata. Tulimzika. Hakuna aliyenigombeza, si siku ile wala baadaye. Baba mdogo alijua kwamba nilitoka kwenye parseli, hakusema. Mama alijua zaidi ya wote, kwa kuwa alijua nilichomwambia kwenye jiwe, na hakusema. Kidonda kilipona kikaacha kovu juu ya jicho la kushoto, lenye umbo la ukucha. Nimekua nikilitazama kovu hilo kila siku, wakati wa kula, wakati wa sala, wakati ananifunga kitambaa siku ya arusi yangu.

Rido hazikurudi. Mama alizifunga zote nne ndani ya plastiki akazipandisha juu ya kabati, na madirishani akatundika vikwembe kwa kamba, kama nyumba zote. Mliacha kutucheka. Sapo za Papa zilibaki ukutani, mbili mbili, na Mama hakutaka mtu azing'oe.

Mara moja tu nilijaribu. Nilikuwa mtu mzima, nina mtoto, nimekaa nyuma yake namsuka. Kidole changu kilifika penye kovu nikasema, "Mama, siku ile kwa jiwe..."

"Suka nywele," akasema.

Nikasuka. Mpaka leo sijui kama alikuwa na hasira au aliona nimebeba vya kutosha. Ningeuliza mara ya pili. Miaka yote ile, nyumba yake na yangu ni mwendo wa dakika kumi, na sikuuliza.

Mama amekufa nyumbani kwake, asubuhi, mkono wake uko mkononi mwangu. Baba mdogo sasa ni mzee wa fimbo, alikaa nje akaniambia tu, "Riziki, tengeneza salo." Nilimchukua binti yangu Neema shuleni mapema, sikumwambia kitu. Nilimpa kamba ashike wakati mimi nashusha vikwembe vya dirishani. Alishika vizuri, akatazama viti vinavyotoka, akaniangalia kwa macho yanayong'aa.

"Mama, nani anakuja?"

Nilishuka kwenye kiti. Nilijiona mjinga na mbaya, kwa kuwa nilikuwa nimefanya vile vile nilivyofanyiwa, bila hata kufikiri. Nikakaa chini sakafuni nikamvuta. "Hakuna muntu anakuja," nilimwambia. "Koko amekufa. Amekufa leo asubuhi, tunatengeneza kilio yake." Alimlilia bibi yake kwa sauti kubwa, na mimi nililia naye, hata Baba mdogo akagonga fimbo nje kuuliza kuna nini.

Alipotulia alinisaidia kushusha vitu vya juu ya kabati, na ndipo plastiki ile ikashuka. Nilizifungua rido juu ya mkeka. Zilikuwa safi. Miaka hii yote, na hazina vumbi. Mama alikuwa anazipuliza, sijui lini, sijui mara ngapi, wala hakuwahi kuniita nimsaidie. Neema aliinama, akaweka jicho kwenye matundu bila kufundishwa na mtu, akacheka kidogo na machozi bado yako mashavuni. Alipofika kwenye ile iliyovunjika ukingo akasimama.

"Mama, hii moja haionekane ngambo."

Ukingo ulipovunjika siku ile ulijipinda ukaziba tundu. Nilivunja kijiti cha ufagio, nikasukuma. Ilitoka polepole, ndani ya saseti yake, fundo la Papa bado limekaza: bombo ya kijani, imeyeyuka na kuganda mara nyingi mpaka imeshika karatasi yake kabisa. Niliinusa. Ilikuwa bado na menta, kidogo sana.

Basi Mama hakuipata. Aliipuliza rido ile miaka yote akakuta tundu moja limeziba, au hakukuta, sijui.

"Nipe," Neema akasema, akinyoosha mkono.

"Hapana. Hii iko ya Koko."

"Lakini Koko amekufa."

"Ndiyo," nikamwambia. "Njo minye nilichelewa kumupa."